Sikio la Mtoto wa Kijijini

Mtoto akitokwa na usaha sikioni, usiseme, "Utaacha akikua." Usaha ukidumu siku 14, ugonjwa umekuwa sugu. Mtoto anaweza kuwa kiziwi. Darasani hamsikii mwalimu, naye huitwa mjinga.

Mwaka 2017 Hospitali ya Muhimbili, Dar es Salaam, ilianza kupandikiza vifaa vya kuwasaidia viziwi kusikia. Hilo ni jema. Lakini usaha hutibiwa kwa kukausha sikio na kutia matone ya dawa. Je, ni haki matone hayo yakosekane zahanati ya kijiji? Tuyadai katika mkutano wa kijiji.

Nawe usitie mafuta sikioni. Likaushe kwa kitambaa safi, kisha mpeleke mtoto zahanati mapema.