Tunapanda ndege kwa kukimbia barabara: angani nani anatulinda?

Sisi wakaaji wa Beni hatupandi ndege kwa sababu ya utajiri. Tunapanda kwa sababu ya barabara. Mwenye mgonjwa, mwanafunzi, mama mchuuzi anayefuata bidhaa: kila mmoja anawaza juu ya waasi wa ADF wanaovizia magari upande wa Komanda, kisha anauza mbuzi au anakopa ili apate tiketi uwanjani Mavivi. Kwa hiyo usalama wa ndege si habari ya wakubwa wa Kinshasa peke yao. Ni habari yetu.

Tukumbuke kidogo. Tarehe 24 Novemba 2019, ndege ndogo aina ya Dornier 228 ya kampuni ya Busy Bee ilianguka juu ya nyumba za watu huko Mapendo, mjini Goma, punde tu baada ya kuruka. Ilikuwa inakuja Beni. Watu zaidi ya 25 walikufa. Miaka 11 mbele ya hapo, tarehe 15 Aprili 2008, ndege DC-9 ya Hewa Bora ilishindwa kupaa, ikapita mwisho wa kiwanja na kuingia Birere, penye maduka na watu wengi. Wengi waliokufa siku ile hawakuwa na tiketi, walikuwa kwenye biashara yao. Kinshasa nayo iliona hayo Januari 1996, Antonov 32 ilipoingia soko la Simbazikita na kuua watu zaidi ya 200.

Baada ya kila ajali tunasikia maneno yale yale: tume imeundwa, pole kwa familia, Mungu amependa. Hilo la mwisho mimi sitaki tulikubali haraka. Mungu hapimi mizigo uwanjani. Wanaopima ni watu.

Na uzito si jambo dogo. Goma iko mita zaidi ya 1500 juu ya bahari, na pale hewa ni nyepesi. Ndege inahitaji kukimbia mbali zaidi ili iinuke. Mwaka 2002 volkano Nyiragongo ilifunika sehemu ya kiwanja hicho kwa moto wake, kikawa kifupi. Mahali kama hapo, magunia matatu yasiyoandikwa kwenye karatasi yanaweza kuua. Lakini sisi wenyewe tunamwambia mpimaji: « Ndugu, saidia, ni kilo chache tu. » Naye anapokea kitu kidogo, anafumba macho. Mkubwa naye anafika na walinzi wake, anapita pembeni bila kusachiwa, na hakuna anayejua ndani ya mfuko wake mna nini. Mashine ya kusachi haina maana kama inasachi wanyonge tu.

Sheria zipo. Inchi yetu ni mwanachama wa shirika la kimataifa la usafiri wa anga, ICAO, na imekubali Mkataba wa Chicago wa mwaka 1944. Nyongeza ya 13 ya mkataba huo inasema uchunguzi wa ajali unafanywa ili ajali nyingine isitokee, si kwa kutafuta wa kufunga. Inasema pia ripoti itolewe ndani ya miezi 12 ikiwezekana. Isipowezekana, kila mwaka siku ya ukumbusho wa ajali itolewe taarifa ya kueleza uchunguzi umefikia wapi. Niulize basi: ni familia ngapi za Beni na Goma zilizopata kusikia ripoti ya namna hiyo, kwa lugha wanayoielewa?

Tangu mwaka 2006 Umoja wa Ulaya unakataza kampuni za ndege za Kongo kuingia kwake. Wengi wetu tuliona ni haya kwa taifa. Lakini tuangalie vizuri: marufuku ile inamlinda Mzungu. Anayeruka kutoka Mavivi analindwa na nani?

Kuna wanaosema tukikaza sheria, kampuni ndogo zitafunga na Beni itabaki bila ndege, tutarudi kufia barabarani. Hofu hiyo ninaielewa. Lakini ndege iliyosimamishwa siku mbili kwa kutengenezwa inarudi. Ile iliyoanguka hairudi. Na raia tayari analipa: Go-Pass ilipoanza mwaka 2009 ilikuwa dola 10 kwa safari ya ndani na 50 kwa safari ya inje, na tuliambiwa ni kwa ajili ya kutengeneza viwanja. Serikali isituambie kwamba pesa ya mizani na ya wakaguzi haipatikani.

Kwa hiyo ninaomba mambo matatu. Moja, wakaguzi wa mamlaka ya usafiri wa anga wafike kwenye viwanja vidogo bila kutoa taarifa, na wawe na nguvu ya kuzuia ndege hata kama ndani mna mheshimiwa. Mbili, kila mfuko na kila msafiri apimwe mbele ya watu wote, na viongozi wa miji waache kugawa viwanja vya nyumba kwenye mwisho wa njia za ndege. Tatu, ripoti ya kila ajali isomwe kwenye redio za hapa kwa Kiswahili. Studio zetu ziko wazi, na kipindi hicho hatutawalipisha.

Nasi wasafiri tuna kazi yetu. Mpimaji akisema mzigo umezidi, tuuache. Biashara inaweza kungoja ndege ya kesho.