Kinanda Hakijipigi

Natoa maoni yangu juu ya mashindano ya nyimbo ya muhula uliopita, ambayo mimi nilikuwa mmoja wa waamuzi watano.

Wasomaji watakumbuka wavulana wawili wa Kidato cha Tatu waliopanda jukwaani na kinanda cha umeme cha kuazima, mmoja akipiga na mwenzake akiimba wimbo wa zamani wa dansi. Tuliwapa nafasi ya mwisho. Tulisema kwamba ngoma ilipigwa na mashine, na tena wimbo haukuwa wao. Kisha tukaandika kanuni kwamba vinanda vya umeme visiletwe tena. Mimi nami niliinua mkono.

Likizoni kaka yangu alinisikilizisha wimbo uitwao "Tainted Love", yaani mapenzi yaliyoingia doa. Waliouimba ni Waingereza wawili, Marc Almond mwimbaji na Dave Ball mpiga vinanda, waliokutana chuoni huko Leeds wakajiita Soft Cell. Santuri yao ilitoka mwaka 1981, ikashika nafasi ya kwanza Uingereza. Na Marekani ikakaa majuma 43 katika orodha ya nyimbo mia moja. Nikadhani wimbo ni wao. Kumbe sivyo! Mtungaji ni Mmarekani, Ed Cobb, na Gloria Jones aliurekodi tangu mwaka 1964. Uliwekwa upande wa pili wa santuri, haukuvuma.

Kaka akaniwekea na ule wa kwanza. Huo unakwenda mbio, tarumbeta na ngoma zikishindana. Wale wawili waliupunguza mwendo, wakaondoa tarumbeta, wakabakiza milio mikavu ya mashine na sauti ya mtu mmoja mwenye uchungu. Je, ni mashine iliyoamua tarumbeta ziondoke?

Lakini nisiwapendelee mno. Soft Cell waliweka wimbo wa watu wengine hata upande wa pili wa santuri yao, basi fedha za utungaji zikaenda kwa watungaji, wao wasipate kitu katika fungu hilo. Ndivyo inavyopasa. Wenzetu wa Kidato cha Tatu walikosa hapo, maana hawakumtaja mtungaji. Hilo lingeweza kuwapunguzia alama mbili tatu.

Sasa nauliza, bweni tulilolipa ngao liliimba nini? Wimbo wa harusi ambao hata bibi zetu waliukuta! Hatukuuliza ni wa nani, kwa kuwa palikuwa na ngoma ya ngozi na waimbaji thelathini, nasi tuliliona jasho lao. Wale wawili hawakutoka jasho mbele yetu. Lakini mimi nalala karibu na stoo, na kwa majuma matatu niliwasikia kila jioni wakirudia mahali pale pale, wakigombana, wakianza tena. Nilijua hayo, na mkono nikauinua.

Kinanda wamekwisha kukirudisha kwa mwenyewe, nao wameniambia hawapandi jukwaani tena. Mwakani mimi sitakuwapo. Nawaomba waamuzi watakaofuata waifute kanuni ile, na mahali pake waandike kwamba kila kundi, kabla ya kuanza, litaje mtungaji wa wimbo wake kama anajulikana.