Deni Si Jinai: Tuchague Mahakama Inayostahili

Katika miji yetu limezoeleka jambo la kusikitisha: mtu akishindwa kulipa deni, mdai wake haendi kwa hakimu bali kwa polisi, au kwa ndugu mwenye cheo jeshini. Mdaiwa hulazwa kasho, kisha hutoa faini ili aachiliwe. Mara nyingi mdai hubaki bila fedha wala rafiki.

Sisi twasema wazi ya kwamba hiyo si haki. Mapatano halali ni sheria kwa wale walioyafanya. Ndivyo isemavyo sheria yetu ya mapatano tangu mwaka 1888. Anayeyavunja ana wajibu wa kulipa, si wa kufungwa. Mkataba wa Kimataifa wa Haki za Kiraia na za Kisiasa, ambao nchi yetu iliukubali mwaka 1976, wakataza katika kifungu cha 11 kumfunga mtu kwa sababu tu ameshindwa kutimiza mapatano. Nazo mahakama za kijeshi, kwa kifungu cha 156 cha Katiba, ni za makosa ya askari na polisi, si za madeni ya raia. Aliyetapeli kwa hila, au aliyekula amana aliyokabidhiwa, huyo ndiye hushitakiwa kwa jinai.

Basi twende wapi? Kwanza tuulize mapatano ni ya namna gani. Yakiwa ya kazi, tuanze kwa Mkaguzi wa Kazi ajaribu kupatanisha. Akishindwa, ndipo Mahakama ya Kazi. Yakiwa ya wafanyabiashara wawili katika biashara yao, twende Mahakama ya Biashara, kama ile ya Lubumbashi. Mengine hufuata thamani: kwa sheria ya mwaka 2013, yasiyozidi franka 2,500,000 ni ya Mahakama ya Amani, yanayozidi hupelekwa kwenye ile tuiitayo TGI.

Pili, tuulize mdaiwa anakaa wapi. Mama wa Kamalondo aliyemwuzia mwalimu jirani yake cherehani kwa mkopo wa franka 600,000, kisha mwalimu akahamia Likasi, kwa kawaida atashitaki Likasi. Akikosea mlango, hakimu atatamka ya kwamba hana mamlaka, na gharama na miezi vitakuwa vimepotea bure.

Wengine hujibu: mahakama hukawia, polisi ni wepesi. Ni kweli, kesi hukawia. Lakini aliye kasho hafanyi kazi, na asiyefanya kazi atalipa kwa nini? Tena, anayetegemea askari leo, kesho atakutana na mwenye kanali.

Dawa huanza kabla ya ugomvi. Tuandike mapatano, tuyatie sahihi mbele ya mashahidi, tutaje kiasi, tarehe na mahali pa kushitakiana. Wazee wakitupatanisha, vema. Hayo nayo yaandikwe. Wakishindwa, karatasi hiyo tuipeleke kwa hakimu, si kwa kamanda.