Baada ya Turubai Kushushwa



Wapenzi wa kandanda miongoni mwetu watamkumbuka Adriano Leite Ribeiro, Mbrazili aliyekulia Vila Cruzeiro, mtaa wa mabanda jijini Rio de Janeiro. Tarehe 25 Julai 2004, katika fainali ya Copa América mjini Lima, aliisawazishia Brazil dhidi ya Argentina katika dakika za nyongeza, na kombe likapatikana kwa mikwaju ya penalti. Alikuwa mfungaji bora kwa mabao 7, naye ana miaka 22 tu. Mashabiki wa Inter Milan walimwita Kaisari.

Siku chache baadaye akapigiwa simu: baba yake, Almir, amefariki. Mwenzake Javier Zanetti amesimulia jinsi Adriano alivyoitupa simu na kupiga ukelele. Toka hapo Zanetti na rais wa klabu, Massimo Moratti, walijitahidi kumlea kama mdogo wao. Hakukosa marafiki, basi. Tena aliendelea kufunga. Mwaka 2005 alitajwa kuwa mchezaji bora wa Kombe la Mabara. Nani angemdhania mfiwa mtu anayefunga mabao? Kumbe, kama alivyokuja kueleza mwenyewe, alikuwa akinywa akiwa peke yake, mbali na nyumbani. Mwaka 2009 aliondoka Inter. Akaipa Flamengo ubingwa wa Brazil mwaka huohuo, lakini aliporudi Italia kuichezea Roma hakumaliza hata msimu mmoja.

Wengi husema alilewa fedha. Twaiona hukumu hiyo kuwa nyepesi mno. Ulevi ni dhambi, nasi hatuutetei. Lakini mganga wa roho asiyeuliza jeraha lilianzia wapi anatibu nini?

Parokiani kwetu tunajua kuzika. Turubai, sufuria, kwaya, rambirambi: hatuna mpinzani. Arobaini ikipita turubai hushushwa, mfiwa akionekana kazini tunasema ameshapoa. Miezi sita baadaye, akianza kuonekana kilabuni, jumuiya inamjadili badala ya kumtembelea. Rafiki zake Ayubu walikaa naye siku saba mchana na usiku pasipo kusema neno, na hadi hapo walifanya vyema. Mambo yaliharibika walipoanza kumfafanulia.

Twapendekeza kila jumuiya ndogo ndogo iandike tarehe ya mazishi daftarini, kisha irudi katika nyumba hiyo mwezi wa tatu na wa sita, bila mchango wala hotuba. Tena ianze na wanaume. Mwanamke aliyefiwa hutembelewa na WAWATA. Mwanamume huachwa na redio yake, kwa kuwa tumemfundisha tangu utotoni kwamba kulia si kazi yake, ingawa Bwana wetu mwenyewe alilia mbele ya watu kaburini kwa Lazaro.

UWAKA watakutana Jumapili ijayo baada ya Misa ya pili. Tutalipeleka jambo hili kwao.