Mazungumzo ya Nyumbani: Daktari Bruce na Mbung'o wa Ziwa Viktoria



Mwalimu mmoja alituandikia ya kuwa kila mwaka huwafundisha watoto wake maneno haya: "Daktari David Bruce ndiye aliyevumbua asili ya ugonjwa wa malale." Watoto huandika, ubao hufutwa, na somo limekwisha. Atuuliza, je, hapana neno zaidi? Liko. Yale anayofundisha ni kweli, lakini mtu mmoja hawezi kukamata mbung'o wa nchi nzima.

Bruce alizaliwa Melbourne, katika Australia, mwaka 1855. Alipokuwa mtoto wa miaka mitano wazazi wake walimchukua mpaka Scotland, na huko akasoma uganga, akawa daktari wa askari. Mwaka 1883 alimwoa Mary Elizabeth Steele, na jina hili twaomba mlikumbuke. Walipelekwa kisiwa cha Malta, ambako askari waliuguzwa na homa iliyowashika miezi mingi. Mwaka 1887 Bruce alikiona kijidudu cha homa ile. Lakini kilitoka wapi? Jibu halikupatikana mpaka mwaka 1905, na aliyelipata ni daktari wa Malta mwenyewe, Zammit, alipopima damu ya mbuzi. Mbuzi wale walikuwa wakipitishwa njiani na kukamuliwa mlangoni pa kila nyumba! Maziwa yalipokatazwa jeshini, homa ikapungua upesi.

Mwaka 1894 Bruce na mkewe walitumwa nchi ya Wazulu, mahali paitwapo Ubombo, kwa sababu ng'ombe walikuwa wakifa kwa nagana. Walikaa katika kibanda cha miti na udongo, wakifanya kazi na hadubini yao. Katika damu ya ng'ombe wagonjwa wakaona kiumbe mfano wa mnyoo mdogo mno, akijipinda-pinda kati ya chembe za damu. Tena wakahakikisha ya kuwa mbung'o ndiye amchukuaye, na ya kuwa wanyama wa mwitu huwa naye damuni wala hawaugui.

Basi, na tuje Uganda.

Mwaka 1901 madaktari wawili wa misioni huko Mengo, Albert Cook na Jack nduguye, waliona wagonjwa wa namna wasiyoizoea: mtu asinzia akila, asinzia akisema, hukonda, kisha hufa. Ugonjwa ukaenea ukingoni mwa ziwa, Busoga na Buganda na visiwani. Katika miaka ile hukadiriwa walikufa watu zaidi ya 200,000. Vijiji vizima vilibaki na migomba tu.

Madaktari walitumwa kutoka Uingereza mwaka 1902. Mmoja wao, Castellani, Mwitalia kijana, aliona katika maji ya uti wa mgongo wa wagonjwa kiumbe wa jamaa ya yule wa nagana, lakini hakuamini ya kuwa ndiye asili ya malale. Bruce alipofika Machi 1903 na kuambiwa, alifahamu mara moja, maana alikuwa ametoka Ubombo. Baadaye watu walishindana sana ni nani mwenye sifa, na Castellani aliona uchungu. Sisi twaona ya kuwa mmoja alikuwa na jicho na mwingine alikuwa na kumbukumbu, na yote mawili yalihitajiwa.

Ikiwa kiumbe ni jamaa ya yule wa nagana, labda mchukuzi wake pia ni mbung'o. Bruce atajuaje, naye ni mgeni, na nchi ni kubwa? Alikwenda kwa Katikiro wa Buganda, Apolo Kagwa. Katikiro akawaagiza machifu, na wamisionari nao wakaombwa: kila mahali wakamate nzi wanaouma, wawafunge katika karatasi, waandike jina la mahali, na kama malale yapo au hayapo. Fikirini kazi ile! Watu walishinda vichakani wakijitega waumwe, ili wamkamate nzi. Wengine walichukua vifurushi mwendo wa siku nyingi. Tena ilihitaji watu wanaojua kuandika, nao walipatikana, kwa kuwa vyuo vilikuwa vimekwisha kuenea Buganda.

Vifurushi vilipofunguliwa, Bruce alitia alama katika ramani mbili, moja ya mbung'o na moja ya malale. Alama zikalingana: ukingo wa ziwa na visiwa, mahali penye kivuli cha vichaka karibu na maji. Palipokosa mbung'o, malale hayakuwapo. Kisha mbung'o walionyonya damu ya wagonjwa wakawekwa juu ya kima, na kima wakapatwa.

Hapa pana jambo la huzuni. Asili ilijulikana, lakini dawa haikuwako. Serikali chini ya Hesketh Bell ikaamua kuwahamisha watu wote ukingoni, na kufikia mwaka 1909 hata watu wa Sese wakaondolewa visiwani mwao. Vifo vilipungua, hatukatai. Lakini mvuvi aliyeacha mtumbwi wake, migomba yake na makaburi ya baba zake, hakuulizwa kama wale waliokamata nzi walivyoombwa. Twadhani hili nalo lafaa kuandikwa ubaoni.

Tena Bruce alikosea neno moja. Alidhani mbung'o huchukua ugonjwa kama sindano yenye damu, kwa muda mfupi tu. Mwaka 1909 Daktari Kleine, Mdachi, akifanya kazi katika nchi ambayo leo ni Tanzania, alionyesha ya kuwa kiumbe yule hukua kwanza ndani ya mbung'o siku nyingi, na baadaye mbung'o huweza kuambukiza muda mrefu. Bruce alirudia majaribio yake huko Mpumu, Uganda, akakiri.

Leo malale hutibika, na tangu mwaka 2018 wagonjwa wanaoandikwa duniani pote hawafiki 1,000 kwa mwaka.

Yule Mary je? Popote alipokwenda Bruce, mkewe alikuwapo. Alipima damu, alichora kwa mkono wake picha za vijidudu, na mji wa Ladysmith ulipozingirwa vitani aliuguza majeruhi. Alifariki Novemba 1931. Bruce mwenyewe alikuwa kitandani akiugua, akaagiza ya kuwa yeyote atakayeandika habari za kazi yake asiache kutaja sehemu ya mkewe. Siku nne baada ya kifo cha Mary, saa ile ile watu walipokuwa kanisani kwa ibada ya kumkumbuka, naye akafa.