Jicho la Mashine na Uaminifu wa Fundi



Ndugu wasomaji, katika mtaa kama huu wetu wa Braamfontein, wenye wanafunzi wengi wa Chuo Kikuu cha Witwatersrand, si ajabu mzazi kumnunulia mwanawe mashine kongwe ya michezo ya video, hasa ile PlayStation ya kwanza, iliyotoka Japani mwaka 1994 na ambayo utengenezaji wake ulikoma mwaka 2006. Baada ya siku chache santuri huzunguka bure, picha hukatikakatika, na pesa imekwisha kutoka. Mwezi huu tumeona tulieleze jambo hili.

Mashine hiyo husoma santuri kwa mwali wa leza usioonekana kwa macho, upitao katika lenzi ndogo mfano wa punje ya dengu. Nafasi baina ya mstari na mstari katika santuri haifiki sehemu mbili za elfu za milimita. Kwa hiyo vumbi kidogo tu, ambalo halikosekani Johannesburg katika miezi mikavu ya baridi, hulitia jicho hilo ukungu. Tena matoleo ya mwanzo yalikuwa na kasoro ya kuzaliwa: leza iliwekwa karibu na sehemu ya umeme ipatayo joto, na reli zake za plastiki zikalika hata lenzi ikainama. Ndiyo sababu watu wengi waliipindua mashine juu chini ili isome. Matoleo ya baadaye yalirekebishwa.

Tiba ya kwanza ni kuchomoa waya wa umeme, kuifungua mashine, na kupangusa lenzi polepole kwa pamba iliyoloweshwa kidogo kwa spiriti safi. Isipopona, hubadilishwa kitengo chote cha leza. Isiwashwe ikiwa wazi, wala mtu asiutazame mwali: jicho la mwanadamu halina kipuri.

Iko na tiba ya tatu. Ipo skrubu ndogo inayoongeza nguvu ya leza. Ikizungushwa, mashine iliyokufa hufufuka siku hiyo hiyo. Lakini leza iliyochakaa ikisukumwa hivyo huteketea upesi. Fundi akiyafanya hayo baada ya kumweleza mwenye mali, hana lawama. Akiyafanya ili auze, naye akanyamaza, ameificha aibu ya bidhaa, na dini yetu imetukataza.

Wapo vijana wetu wanaojifunza ufundi huu, nasi twafurahi, kwani ni riziki ya halali. Twawausia waandike katika risiti walichokitenda: lenzi imesafishwa, kitengo kimebadilishwa, au nguvu imeongezwa. Mnunuzi akitaka kupunguziwa bei kwa sababu hiyo, na apunguziwe. Sisi wageni hatuna hapa ukoo wa kutudhamini. Dhamana yetu ni neno letu.

Wabillahi tawfiq.