Kitabu Hakibadiliki, Msomaji Ndiye Anayekichezea

Wapo wanaohubiri kwamba Biblia humbadilikia kila msomaji, na kila mmoja ana maana yake. Hapana, wapendwa! Biblia ya Union Version, iliyotoka mwaka 1952, ina maneno yaleyale mkononi mwa mama anayekaanga samaki Feri na mkononi mwa mwenye duka Kariakoo. Amosi 8:5 inakemea mizani ya udanganyifu. Mwenye duka akiisoma, husema hayo ni ya Israeli ya kale. Akifika Malaki 3:10, penye baraka, husema ni yake leo! Kesho yule mama anauziwa unga pungufu kwa bei ya kilo kamili. Kitabu hakijabadilika, kimechezewa, kama mizani ile. Tukisome pamoja, aliyepunjwa akiwapo. Neno lisilotukemea kamwe tumejiandikia wenyewe.